Jela si Kamba ya Kupimia Shamba



Liko swali ambalo Wakristo wengi hulikwepa, labda kwa sababu linagusa kitu tunachokipenda kuliko tunavyokiri, yaani ardhi. Swali lenyewe ni hili: Mtu anayeamini kwa moyo wote kwamba shamba fulani ni lake, akimkuta jirani yake analima humo, je, ni haki mbele za Mungu amshtaki kwa kosa la jinai ili afungwe, na kwa njia hiyo shamba lirudi mikononi mwake?

Wako watakaojibu upesi: "Kwa nini isiwe haki? Polisi wapo, mahakama ipo, sheria ipo. Ameingia kwangu, basi na aende ndani." Wengine watajibu upesi vilevile kwa upande wa pili: "Mkristo hashtaki." Naona majibu yote mawili ni mepesi mno. Afadhali tulichunguze jambo hili polepole, hatua kwa hatua, kama tufanyavyo hesabu ubaoni. Maana katika jambo hili watu hupoteza mali na uhuru, na mara nyingine hata uhai.

SHERIA INASEMA NINI

Kanuni ya Adhabu ya nchi yetu ya Tanzania, ambayo asili yake ni mwaka 1945 na ambayo imerekebishwa mara nyingi tangu hapo, inataja kosa la kuingia kwa jinai katika mali ya mtu. Wengi hudhani kosa hili ni kukanyaga tu ardhi ya mwingine. Sivyo. Ili kosa litimie yapasa mambo matatu yathibitishwe. Kwanza, mshtakiwa awe ameingia bila haki. Pili, mali hiyo iwe imo mikononi mwa mtu mwingine. Tatu, awe ameingia kwa nia ya kutenda kosa, au ya kumtisha, kumtukana au kumuudhi yule aliye na mali hiyo. Na yule aliyeingia kwa halali, kisha akakataa kutoka kwa nia hiyo hiyo mbaya, huyo naye ana kosa. Adhabu yaweza kuwa kifungo, na huwa kali zaidi ikiwa mahali penyewe ni nyumba ya kukaa watu au nyumba ya ibada.

Angalieni neno nia. Sheria haitazami miguu tu, hutazama na moyo. Tena kuna fungu jingine katika Kanuni hiyo ambalo watu wengi hawalijui. Linasema, kwa maana yake, kwamba mtu hawi na hatia ya jinai katika jambo la mali ikiwa alitenda kwa kudai haki yake kwa unyofu, pasipo nia ya kulaghai. Halisemi ni lazima dai lake liwe sahihi. Linataka liwe la kweli moyoni mwake. Mtu aweza kukosea kabisa kuhusu mpaka, akashindwa kesi ya ardhi, akatoka shambani, na bado asiwe mhalifu hata kidogo.

Mtu atauliza: Yawezekanaje watu wawili wadai shamba moja, na wote wawili wawe wanyofu? Yawezekana sana, na sisi wenye umri mkubwa twajua vema. Kumbukeni Operesheni Vijiji ya miaka ya 1973 hadi 1976. Watu walihamishwa kutoka katika mashamba ya baba zao wakapelekwa kwenye vijiji vipya, na huko wakagawiwa ardhi na viongozi wa kijiji. Ardhi ile waliyogawiwa mara nyingi ilikuwa na mwenyewe tangu zamani. Miaka ikapita. Wengine wakarudi kwao, wakakuta mwembe wa babu upo, bali mwenye kuuchuma ni mwingine. Huyu anasema, "Mwembe huu aliupanda babu yangu." Yule anasema, "Mimi niligawiwa na Serikali ya kijiji mbele ya watu, nikalima, nikazaa watoto hapa." Nani katika hao ni mwongo? Huenda hakuna. Mwaka 1994 Mahakama ya Rufani ya Tanzania ilitamka kwamba haki ya ardhi ya kimila ni mali inayolindwa na Katiba. Hata hivyo tamko hilo halikumaliza kila ugomvi wa kila mwembe. Ilibaki kuamuliwa, shamba kwa shamba, nani mwenye haki hiyo.

SAFARI YA KESI MOJA

Sasa tutazame kesi ya namna hii inavyokwenda. Natoa mfano tu, simsemi mtu.

Jirani wa kwanza anamkuta jirani wa pili akilima upande wa mtoni. Maneno yanakuwa makali. Wa kwanza anakwenda kituo cha polisi, anasema ameingiliwa shambani, na kwamba alipomkataza mwenzake alitishiwa kwa jembe. Jirani wa pili anakamatwa na kupelekwa Mahakama ya Mwanzo. Anajitetea: "Bwana Hakimu, pale ni kwetu, marehemu baba alinionyesha mpaka." Hakimu anawasikiliza mashahidi, anaona wa kwanza ana mashahidi wengi zaidi, anamtia wa pili hatiani, anamfunga. Tena pengine anaongeza kwamba asikanyage tena shambani.

Wa pili anakata rufani. Sheria inampa siku 30 kuipeleka rufani yake Mahakama ya Wilaya. Akishindwa huko, anazo siku nyingine 30 za kwenda Mahakama Kuu. Na huko Mahakama Kuu, mara nyingi, hukumu hutenguliwa. Si kwamba majaji wamepima shamba na kuona ni la mrufani, la hasha. Wanasema kwamba kesi hii haikupasa kusikilizwa kwa njia ya jinai kabla ya kujulikana ardhi ni ya nani. Msimamo huu si wa jana. Umo katika hukumu za Mahakama Kuu zilizochapishwa katika Ripoti za Sheria za Tanzania za mwaka 1991 na 1992, na umefuatwa mara nyingi tangu wakati huo: kukizuka ubishi wa kweli juu ya umiliki, mahakama ya jinai si mahali pa kuumaliza. Mlalamikaji aelekezwe kwenye shauri la madai kwanza.

Kwa nini wanasema hivyo? Naona sababu tatu.

Ya kwanza ni mamlaka. Sheria ya mwaka 2002 inayohusu mahakama za migogoro ya ardhi iliondoa mashauri ya madai ya ardhi katika Mahakama za Mwanzo na za Wilaya, ikayaweka katika vyombo vyake vyenyewe. Hakimu wa Mahakama ya Mwanzo hana uwezo wa kusema shamba ni la nani. Akimfunga mtu kwa kuwa shamba si lake, amelisema lile asilo na uwezo wa kulisema, ila amelipitishia mlango wa nyuma.

Ya pili ni kipimo cha ushahidi. Katika jinai, yapasa kosa lithibitishwe pasipo kuacha shaka yenye maana. Katika madai, hutazamwa upande upi una uzito zaidi. Mahali ambapo watu wawili wana mashahidi wazee na historia mbili, ni vigumu sana kusema hakuna shaka.

Ya tatu ni matokeo. Kesi ya jinai humwuliza mtu mmoja: "Je, wewe u mhalifu?" Jibu ni ndiyo au hapana. Haiulizi mpaka unapita wapi. Haiwaiti watu kwenda kupima, wala haipandi alama. Kwa hiyo hata rufani ikimalizika, mpaka ubishaniwao uko pale pale ulipokuwa. Imepita misimu miwili au mitatu. Pengine mtu amekwisha kukaa gerezani siku zake zote kabla ya kuambiwa hakupaswa kufungwa. Watoto wa nyumba hizo mbili hawasalimiani tena njiani. Naye aliyeachiwa hurudi kijijini kwa vigelegele, akisema, "Nimeshinda, shamba ni langu!" Huyo naye anajidanganya. Kuachiwa huru si hati ya shamba. Ameambiwa kwamba hakuthibitishwa kuwa mhalifu. Hakuambiwa kwamba ni mwenye ardhi.

SHAMBA LA NABOTHI

Katika Kitabu cha Kwanza cha Wafalme, sura ya 21, tunasoma habari za Nabothi Myezreeli na shamba lake la mizabibu. Tumezoea kuihubiri habari hii kama onyo juu ya tamaa, na ni kweli. Lakini yasomeni tena mambo yalivyofanyika. Mfalme Ahabu alilitaka shamba. Nabothi alikataa kwa sababu lilikuwa urithi wa baba zake. Je, Yezebeli alituma askari walinyang'anye? Hapana. Alifungua kesi ya jinai. Aliandika barua kwa wazee wa mji, ikatangazwa siku ya kufunga, Nabothi akawekwa mbele ya watu, wakaja mashahidi wawili kama torati ilivyotaka wasipungue wawili, wakashuhudia kwamba amemtukana Mungu na mfalme. Akahukumiwa, akapigwa mawe nje ya mji. Hapo ndipo Ahabu aliposhuka kwenda kulitamalaki shamba.

Katika kesi ile shamba halikutajwa hata mara moja. Kwa nje palikuwa na mashtaka, mashahidi, baraza la wazee na hukumu. Ila swali lililoulizwa halikuwa swali lenyewe. Waliuliza kama Nabothi ni mwovu, nao walichotaka ni mizabibu yake. Tena Nabothi hakuwa na rufani. Rufani yake ilisikilizwa na Mungu mwenyewe, aliyemtuma Eliya amkute Ahabu mle mle shambani na kumwuliza kama ameua na kurithi pia.

Hapa mtu mwenye haki atanipinga, na pingamizi lake ni zito. Atasema: "Mwalimu, unatulinganisha na Ahabu? Ahabu alijua shamba si lake. Mimi naamini ni langu. Mashahidi wa Yezebeli walikuwa waongo. Wangu ni wakweli." Ni kweli, kuna tofauti kubwa, wala simwiti mtu huyo Ahabu. Ila namwomba atazame chombo alichokishika mkononi.

Kifungo hufanyaje kazi katika ugomvi wa ardhi? Humfanya mwenzako aogope, achoke, atumie fedha zote, mwishowe aache. Sasa fikirini: ataacha kwa sababu umemwonyesha kwamba shamba si lake? Hapana. Ataacha kwa kuwa ameumia. Hata kama shamba lingekuwa lake kweli, angeacha vilevile. Basi chombo hiki hutoa jibu lile lile, uwe una haki au huna. Mizani inayoonyesha kilo kumi kila siku, uweke mahindi au uweke mawe, si mizani. Mfanyabiashara mwaminifu hataitumia hata siku ambayo mzigo wake kweli ni kilo kumi, kwa maana siku hiyo imesema kweli kwa bahati tu.

Hili ndilo jambo nililotaka kulisema katika makala hii. Ubaya wa kutumia jela kupata shamba hauko katika uongo peke yake. Mtu mkweli naye hufanya ubaya huo, kwa sababu ameuweka ukweli wake katika chombo kisichojali ukweli. Anapata alichodai, bali hakupata haki, na jirani aliyeshindwa hana sababu yoyote ya kuamini kwamba alikuwa amekosea. Ndiyo maana magomvi ya namna hii hurithiwa na watoto.

NA PANGA JE?

Wapo watakaofurahi kusoma hapo juu, hasa waliokwisha kushtakiwa. Wasifurahi mapema. Kipimo kile kile kinawahusu na wao.

Sheria inayomhurumia mtu mwenye dai la unyofu inasema juu ya mali. Haisemi juu ya mwili wa mwenzako. Kutishia kumjeruhi au kumwua mtu, au kumchomea nyumba, ni kosa linalosimama peke yake. Shamba laweza kuwa lako kabisa, una karatasi na muhuri, na bado ukimwinulia jirani panga na kumwambia, "Ukirudi hapa nitakukata," umetenda kosa. Maneno "nitakukata" hayasemi lolote kuhusu mpaka. Nalo panga, kama jela, hutoa jibu lile lile kwa mwenye haki na kwa asiye na haki. Anayeliogopa ataondoka hata katika shamba lake mwenyewe. Kwa hiyo mtu anayejisifu kwamba yeye hakukimbilia polisi, alimaliza mambo kiume pale pale shambani, ametumia mizani ile ile mbovu, tena kwa namna ya hatari zaidi.

Basi yule aliyetishiwa anafanya vema kwenda kutoa habari. Ila aseme lile lililotokea tu. Kama mwenzake alishika jembe kwa sababu alikuwa analima, asiseme alilinyanyua. Kama alisema, "Tutaonana," asiseme, "Alisema ataniua." Amri inayotukataza kumshuhudia jirani yetu uongo haina msamaha kwa ajili ya mwenye shamba. Wala asichanganye mambo mawili: tishio ni tishio, na shamba ni shamba. Akitaka alindwe na panga, aombe kulindwa na panga. Akitaka mpaka, aende panapoamuliwa mipaka.

MJANE NA WANYONGE

Liko pingamizi jingine, nalo ndilo linalonigusa zaidi. "Mwalimu, hayo ni maneno ya watu wenye nguvu sawasawa. Je, mjane? Mume amekufa, arobaini haijafika, shemeji wamekuja na ng'ombe wanalima mpaka mlangoni. Unamwambia naye angoje baraza?"

Hapana, simwambii hivyo. Tukumbuke ni nini kinachofanya kesi ya jinai isifae: ni kuwapo kwa ubishi wa unyofu. Pale pasipokuwa na ubishi wa unyofu, sababu yenyewe imeondoka. Aliyekwisha kushindwa katika shauri la ardhi, akajua hukumu, kisha akarudi usiku kung'oa migomba, huyo hadai haki, anaidharau. Anayevunja mlango wa nyumba hawezi kusema alikuwa akitafuta mpaka. Shemeji anayejua kabisa kwamba shamba lile ndugu yake alilinunua na mkewe kwa jasho lao wote wawili, lakini anasema "mwanamke harithi," huyo anajua anachokifanya. Tena tangu Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999, mila yoyote inayomnyima mwanamke haki ya kumiliki au kutumia ardhi haina nguvu. Mjane akiomba ulinzi wa dola hapo, hatumii chombo vibaya. Dola iliwekwa kwa ajili hiyo.

Lakini msisahau upande wa pili wa jambo hilo. Mara nyingine mjane ndiye anayeshtakiwa. Ndugu wa mume huwahi kwenda kituoni, husema "ameingia katika shamba la ukoo," na mwanamke aliyelima pale miaka 20 hujikuta kizimbani kama mwizi. Huyo naye namwambia: usinyamaze. Kata rufani, na zile siku 30 usizilalie. Wako watakaokuambia kwamba kukata rufani ni kukosa imani. Mtume Paulo aliwaonya Wakorintho wasishtakiane mbele ya wasioamini kwa tamaa ya mali. Lakini Paulo huyo huyo, alipoona hatapata haki mbele ya Festo, alitaka rufani kwa Kaisari. Hakuna kupingana hapo. Wakorintho walitafuta kuwapokonya ndugu zao, naye Paulo alikuwa anakataa uongo usisimame kama hukumu. Rufani ya namna hiyo ni huduma kwa kweli.

Tutajuaje basi tuko upande upi? Mwenye kutaka kushtaki na ajiulize maswali mawili kabla hajatoka nyumbani. La kwanza: "Kama watu wasio na upande wakija kupima, wakakuta mpaka haupo ninaposema mimi, je, nitakubali?" La pili: "Kama jirani yangu akikubali leo kuondoka kwa amani, bila kulala hata usiku mmoja rumande, je, nitaridhika, au nitaona nimepungukiwa na kitu?" Asiyeweza kujibu ndiyo kwa maswali yote mawili bado hatafuti shamba lake tu. Anatafuta kumwona mwenzake ameanguka.

NJIA ILIYO WAZI

Njia ya kutafuta mpaka ipo, nayo si ya siri. Kijijini kuna Baraza la Ardhi la Kijiji, lenye wajumbe 7, na wasiopungua 3 kati yao ni wanawake. Kazi yake ni kusuluhisha. Juu yake kuna Baraza la Kata. Tangu marekebisho ya mwaka 2021 Baraza la Kata halitoi tena hukumu za ardhi, limebaki kupatanisha tu, nalo limewekewa siku 30. Likishindwa, hutoa cheti cha kushindwa, na kwa cheti hicho shauri huenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Kutoka huko kuna rufani kwenda Mahakama Kuu, na juu kabisa ni Mahakama ya Rufani. Njia hii ni ndefu, nakubali. Wakati mwingine huchosha, na ada zake humlemea maskini. Lakini katika njia hii swali linaloulizwa ndilo swali lenyewe: shamba ni la nani, na mpaka unapita wapi? Na yule anayeshindwa hurudi nyumbani akiwa ameshindwa shamba tu, hakupoteza na jina lake.

Kanisa nalo lina sehemu yake, ingawa si ile ambayo wengine huitaka. Kasisi asifanywe hakimu wa mipaka. Bwana wetu mwenyewe, alipoombwa na mtu amwamuru ndugu yake kugawa urithi, alikataa kuwa mwamuzi wao, akawaonya juu ya choyo. Kazi ya Kanisa ni ile ya kuonya na kupatanisha. Katika Kitabu cha Sala cha mwaka 1662, ibada ya Jumatano ya Majivu inazisoma laana za torati mbele ya watu wote, na miongoni mwa zile za mwanzo kabisa ni laana ya mtu anayeondoa alama ya mpaka wa jirani yake. Maagizo ya ibada ya Ushirika Mtakatifu katika Kitabu hicho humwagiza kasisi asiwapokee Mezani wale anaoona kuna chuki kati yao mpaka wapatane. Na kwamba mmoja akiwa tayari kusamehe na kutengeneza alipokosa, na mwenzake akakataa katakata, apokewe yule aliye tayari. Angalieni kwamba Kitabu hakisemi apokewe mwenye shamba. Wazee wetu waliotunga maagizo hayo walijua kwamba suala la nani mwenye mali ni moja, na suala la nani yuko tayari kwa amani ni jingine.

Huko Uingereza ulikuwapo desturi wa siku zile zilizo karibu na Sikukuu ya Kupaa, kasisi na watu wa mtaa kuizunguka mipaka yao kwa sala, wakienda na watoto ili nao waijue. Na kwetu hapa, nchi ya Uchagani, mmea wa isale ndio uliopandwa kuonyesha mpaka wa kihamba. Na jani la mmea huo huo ndilo alilolichukua mtu aliyekosa alipokwenda kuomba msamaha. Wazee hawakuona ajabu kwamba mmea uliowatenganisha ndio uliowapatanisha.

Basi nashauri jambo moja dogo. Kabla mvua hazijaanza, na kabla mtu wa kwanza hajafika kwenye wazo la kituo cha polisi, kila nyumba imwalike jirani yake, waende pamoja kwa miguu kuuzunguka mpaka, wazee wakiwapo na watoto wakiwapo. Wanapokubaliana, wapande mmea au wasimike jiwe mbele ya mwenyekiti wa kitongoji, na waandike. Wasipokubaliana, waandike vilevile ni wapi hasa wasipokubaliana, maana mara nyingi watagundua kwamba ugomvi wa miaka ni wa hatua tano tu za mguu. Kisha hizo hatua tano wazipeleke Baraza la Kijiji kama majirani wawili wanaotafuta jibu.

Bwana aliyetugawia nchi hii kwa muda tu atujalie kuilima kwa amani, na siku tutakapoiacha atukute hatujamwekea jirani yetu deni la machozi.